Ng' ya Kimeng'enya

Printa ya maabara yetu, hapa Temeke,
haijui kuandika ng'.
Inatema *kimengenya*, kavu, bila kile kipembe,
nami kila asubuhi nakirudisha kwa kalamu ya bluu,
cheti kwa cheti,
kama mtu anayerudishia ng'ombe pembe zao.

Leo cheti ni cha Shomari Mwinchande,
muuza mishikaki, Buguruni Sheli,
macho yake rangi ya binzari.
Anasoma kwa kidole:
*Vimeng'enya vya ini vimepanda.*
Kisha, kwa sauti isiyofika benchi la pili:
"Hawa wadudu, dada, wameniingia lini?"

Si wadudu, kaka.
Najua, ki- na vi- zimekuponza:
kimelea, kirusi, kidudu, vyote vimepitia mlango huo.
Lakini hata kijiko kimepita hapo, na kisu, na kitanda.

Nilikuwa na jibu la kidato cha tatu:
kufuli na ufunguo, kila kimoja na mwenzake.
Akacheka mpaka akashika ubavu.
"Buguruni, dada, ufunguo mmoja unafungua kufuli saba.
Ndiyo maana tunalala na pikipiki chumbani."

Basi nikaliacha kufuli.
Nikamuuliza: ile nyama ya ng'ombe mzee,
unailainisha kwa kitu gani?
Hapo akakaa sawa, akawa yeye mwalimu.
Papai bichi, alisema, lile linalotoa utomvu,
lisagwe na maganda yake, lipakwe kabla ya moto;
ukilichemsha kwanza, limekufa, umepaka maji tu.
Na usisahau saa.
Siku ya msiba wa shemeji yake
alilaza ndoo nzima hadi asubuhi, akakuta uji,
kijiti hakikupata pa kushika.
"Papai halijui kushiba."

Ndicho hicho, nikamwambia.
Kile kilichomo kwenye utomvu, kisichoonekana,
kinachokata uzi wa nyama, kikatoka kizima,
kikahamia uzi wa pili, na wa elfu,
kazi ya mwezi kikaimaliza kwa saa,
na mwisho wa hesabu chenyewe hakijaliwa.
Ini lako limejaa mafundi wa namna hiyo.

"Sasa mafundi wakiongezeka, si heri?"

Wakiwa ndani, ndiyo.
Lakini sisi tunapima damu, na damu ni barabara.
Ukiwaona mafundi wa gereji barabarani saa nne asubuhi,
spana mkononi, wengi, hawana wanakokwenda,
huulizi wameongezeka wangapi.
Unauliza ukuta wa gereji umeanguka lini.

Akanyamaza. Akakunja cheti mara nne
kikawa kidogo kama noti ya kuficha.
Kupima tena ni Jumatatu.

Jioni, Mtoni Mtongani, namlisha mama.
Meno yamebaki matatu, na hayapatani.
Nameng'enya mkate juu ya kikombe.
Neno hili lilikuwa vidoleni mwetu
kabla halijavalishwa koti jeupe:
kuvunja kidogo kidogo, ili mwingine aweze.
Hilo la mwisho sikulikuta kitabuni.

Mkate umekwisha. Vidole vipo, vyote kumi,
vizima, kama maana inavyotaka,
ila vimelowa chai, na vinauma kidogo,
na mama, bila kufungua macho,
anasema
ongeza.